Kiwanda Kinapochafua Mtaa: Namna ya Kupinga Leseni na Kushtaki Uchafuzi, kwa Wakazi wa Mombasa

Sahihi tulikuwa nazo 214. Tulikuwa na picha, video za simu, barua ya daktari wa zahanati, na mzee mmoja aliyekuwa tayari kuapa mbele ya yeyote kwamba bati la nyumba yake limeliwa na moshi kwa miaka miwili tu. Tulichokosa ni siku kumi na moja. Sheria ilitupa siku 60 za kukata rufaa dhidi ya leseni ya kiwanda kile, nasi tukaingia siku ya 71. Kesi ikafa kabla ya mtu yeyote kutaja neno moshi.

Tangu siku hiyo, mtu akinijia na habari ya kiwanda, simuulizi kwanza watoto wanakohoa kiasi gani. Namuuliza leseni imetolewa tarehe ngapi na nani aliyeitoa. Kina mama wa mtaani huniona nina roho ngumu. Haidhuru. Kikohozi kitapata nafasi yake, lakini tarehe ikishapita hairudi.

Yafuatayo nimeyaandika kwa mkazi wa Changamwe, Mikindani, Jomvu, Miritini, Port Reitz, Likoni au kwingine mjini ambako ukuta wa kiwanda na ukuta wa nyumba vinatazamana. Hayachukui nafasi ya wakili. Yatakusaidia ukifika kwake usiwe mikono mitupu.

Hatua ya kwanza: jua unapinga nini hasa

Watu wengi husema "tunataka kiwanda kifungwe" na kudhani hilo ni jambo moja. Kisheria ni mambo mawili, na kila moja lina mlango wake.

La kwanza ni leseni. Unasema kwamba kibali hiki hakikustahili kutolewa: wananchi hawakushirikishwa, tathmini ya athari za mazingira ilikuwa ya kubuni, au kiwanja si cha viwanda. Hapo unayemshtaki hasa ni aliyetoa kibali. Mlango wake ni rufaa, na rufaa ina siku za kuhesabu.

La pili ni uchafuzi wenyewe. Kiwanda kinaweza kuwa na leseni safi kabisa na bado kikamwaga maji taka usiku. Kinaweza pia kuwa hakina leseni hata moja. Hapa unadai haki yako ya mazingira safi chini ya Kifungu cha 42 cha Katiba ya 2010, na Kifungu cha 70 kinakufungulia mahakama. Kifungu hicho kina sentensi moja ambayo ningeiandika ukutani: anayeomba halazimiki kuthibitisha kwamba kuna mtu amepata hasara au ameumia. Huhitaji kungoja maiti. Huhitaji hati ya shamba pia. Wapangaji na wakazi wa vitongoji visivyo na hati wameshashtaki na kushinda, kama tutakavyoona.

Mara nyingi mambo haya mawili huja pamoja, na hapo ndipo watu wanapopotea. Nitarudi kwenye hilo tukifika mahakamani.

Hatua ya pili: kusanya makaratasi ya kiwanda

Kiwanda hakiendeshwi na leseni moja. Kwa kawaida kinatakiwa kuwa na leseni ya tathmini ya athari za mazingira kutoka NEMA (mamlaka ya taifa ya usimamizi wa mazingira), leseni ya kumwaga maji taka, leseni ya kutoa moshi na hewa chafu, kibali cha kaunti cha ujenzi au cha kubadilisha matumizi ya ardhi, kibali cha biashara cha kaunti, cheti cha zimamoto, na usajili wa mahali pa kazi chini ya sheria ya usalama kazini ya 2007. Kikiwa na kisima, kuna kibali cha Mamlaka ya Rasilimali za Maji. Kikiwa ndani ya eneo la kusindika bidhaa za kuuzwa nje, kuna leseni ya mamlaka ya eneo hilo. Baada ya kuanza kazi, kinatakiwa kiwasilishe kwa NEMA ukaguzi wa mazingira wa kila mwaka. Ukaguzi huo wengi hawaujui, na ndani yake mara nyingi kiwanda chenyewe kinakiri kwa maandishi yale ambayo meneja wake anayakana kwenye baraza.

Utayapataje? Anza na barua ya kuomba habari. Kifungu cha 35 cha Katiba na Sheria ya Kupata Habari ya 2016 vinakupa haki hiyo, na ofisi ya umma ina siku 21 za kujibu. Kama maisha ya mtu yamo hatarini, muda ni saa 48. Andika barua fupi yenye madai yaliyo wazi: "Naomba nakala ya leseni ya tathmini ya athari za mazingira ya kiwanda kilichoko kiwanja namba fulani, pamoja na masharti yake, ripoti yenyewe, na ripoti za ukaguzi za miaka mitatu iliyopita." Peleka nakala mbili, na yako irudi nyumbani ikiwa na muhuri wa mapokezi wenye tarehe. Afisa akikataa kupiga muhuri, itume kwa barua pepe siku hiyo hiyo. Ukinyimwa au ukipuuzwa, lalamika kwa Tume ya Haki ya Utawala, wenyewe tunaiita Ombudsman.

Namba ya kiwanja ni muhimu kuliko jina la mtaa. Gazeti Rasmi la Serikali, linalotoka kila Ijumaa, halitakuambia "kile kiwanda nyuma ya msikiti". Litakuambia kiwanja cha MN/VI na namba zake, na ndivyo viwanja vingi vya Changamwe vinavyotambulishwa. Ipate namba kwanza, ndipo utafute.

Leseni ikikufikia, isome kama mtu anayehesabu chenji. Jina la kampuni ni lile lile lililo getini? Kiwanja ni kile kile? Mradi ulioandikwa ni upi: ghala, au tanuri? Leseni ya tathmini kwa kawaida huweka miezi 24 ambamo mradi lazima uanze, ulianza lini? Kisha nenda kwenye masharti. Nimeona kesi ikigeuka kwa sababu ya sharti moja tu, kwamba bomba la moshi liwe na kichujio, na kila mtu mtaani alikuwa na picha ya bomba lisilo na kichujio.

Hatua ya tatu: kama leseni bado haijatolewa

Hapa ndipo penye kazi rahisi, na hapa ndipo tunapolala. Mradi mkubwa unapowasilisha ripoti yake kamili, NEMA hutangaza kwenye Gazeti Rasmi na kwenye gazeti la kila siku, ikiwaalika wananchi watoe maoni. Tangazo hutaja siku 30. Hutaja pia athari zinazotarajiwa na mahali ripoti inapoweza kusomwa, na ofisi ya mkurugenzi wa mazingira wa kaunti ni mojawapo. Nenda ukaisome. Usiridhike na muhtasari wa kurasa nne.

Andika pingamizi. Taja kurasa. Kama ripoti inasema jirani wa karibu yuko umbali fulani na wewe kitanda chako kiko karibu zaidi ya hapo, pima, piga picha, ambatanisha.

Mikutano ya wananchi ina mtego wake. Unaalikwa, kuna soda na nauli kidogo, na mlangoni kuna daftari la mahudhurio. Baadaye daftari hilo huibuka kama kiambatanisho cha ripoti chini ya kichwa cha habari kinachosema jamii iliunga mkono mradi. Siwaambii watu wasihudhurie. Nawaambia waandike neno "NAPINGA" kando ya jina lao, wapige picha ukurasa ule kwa simu, na wamtume mmoja wao aombe kumbukumbu za mkutano kwa maandishi wiki hiyo hiyo.

Ushirikishwaji si jambo la adabu tu. Juni 2019 Jopo la Kitaifa la Mazingira, chombo kinachosikiliza rufaa dhidi ya leseni hizi, lilifuta leseni ya mradi wa umeme wa makaa ya mawe wa Lamu, wa megawati 1,050, na sababu kubwa ilikuwa kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo baada ya ripoti kukamilika. Mradi wa ukubwa ule ulikwama kwa hoja ya mikutano na matangazo.

Kuna pia upande wa kaunti, na wake una haraka zaidi. Kibali cha ujenzi au cha kubadilisha matumizi ya ardhi hupingwa kwenye kamati ya kaunti ya kusikiliza rufaa za mipango, chini ya sheria ya 2019, na muda ni siku 14. Wiki mbili! Ukiona nguzo zinasimamishwa na bango la mradi halijawekwa, usingoje kuuliza imamu ana maoni gani.

Hatua ya nne: ushahidi unaosimama mbele ya jaji

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hapa ndipo pesa na machozi hupotea bure.

Anza na daftari. La karatasi, lenye kurasa zilizoshonwa, lisiwe la waya. Kila tukio liandikwe: tarehe, saa, umeona nini, umenusa nini, nani mwingine alikuwepo. Anayeandika atie sahihi. Watu watatu wa nyumba tofauti wenye madaftari matatu ni bora kuliko barua moja ya watu mia tatu, kwa sababu wakili wa kiwanda hawezi kumwita kila mmoja wa mia tatu mwongo, lakini anaweza kusema kwamba barua iliandikwa na mtu mmoja.

Andika upepo. Hili hakuna mtaalamu wa Nairobi aliyenifundisha. Msimu wa kaskazi, kuanzia Desemba hadi Machi hivi, moshi wa Changamwe hauendi unakokwenda wakati wa kusi. Mtaa unaofukizwa Julai unaweza kupumua vizuri kabisa Januari. Sasa soma ripoti ya kiwanda: vipimo vya hewa vilichukuliwa mwezi gani, na mashine iliwekwa upande gani wa ukuta? Nimekutana na ripoti iliyopima vumbi upande upepo unakotoka, ikatangaza hewa ni safi. Bila shaka ilikuwa safi. Ilikuwa inatoka baharini.

Kwa maji taka, andika bahari. Ukichota sampuli katika hori ya Tudor wakati maji yamejaa, bahari imeshakuoshea ushahidi. Chota maji yakipwa, karibu na mdomo wa bomba, na ueleze ni siku za bamvua au za maji mafu. Wavuvi wanajua bomba hufunguliwa saa ngapi. Waulize kabla ya kumuuliza mtu yeyote mwenye shahada. Chota pia juu ya bomba, mahali ambapo taka haijafika, ili kuwe na cha kulinganisha.

Sampuli yako ya chupa ya soda haitafika popote. Wanaochota wawe ni maabara yenyewe, au uchote mbele ya afisa kwa chombo cha maabara, na pawepo karatasi inayoonyesha chupa ilipita mikononi mwa nani na saa ngapi hadi ilipofunguliwa. Sheria ya mazingira inatambua maabara zilizoteuliwa, na Mkemia Mkuu wa Serikali ana maabara hapa Mombasa. Matokeo yakirudi, yalinganishe na viwango. Kanuni za ubora wa maji za 2006 ziliweka, kwa maji yanayomwagwa kwenye mazingira, miligramu 30 kwa lita za uchafu unaokula oksijeni kibayolojia, 50 kwa ule wa kikemikali, na 30 kwa chembe zinazoelea. Kanuni hufanyiwa marekebisho, kwa hiyo wakili athibitishe toleo linalotumika mwaka mnaoshtaki.

Kelele zina kanuni zake za 2009, na usiku kisheria huanza saa mbili. Programu ya simu ya kupima kelele inatosha kukuonyesha kama una kesi; haitoshi kuithibitisha.

Damu ni suala zito. Panapohusika risasi, ile metali ya betri na si ya bunduki, Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama, na linashauri chanzo kitafutwe na kuondolewa mtoto anapofikisha mikrogramu 5 kwa desilita. Lakini matokeo ya damu ya mtoto ni siri yake. Yawekwe na mtu mmoja, yasipigwe picha na kurushwa kwenye kundi la WhatsApp la mtaa. Mahakama hukubali herufi badala ya majina pale panapokuwa na watoto na wagonjwa. Omba hilo mapema.

Picha na video zihifadhiwe kwenye simu iliyozipiga. Ukizituma kwa mtandao zinapungua ubora na kupoteza tarehe. Mpigaji ndiye atakayetia sahihi cheti cha ushahidi wa kielektroniki, kwa hiyo akiuza simu yake Mwembe Tayari, ameuza na ushahidi.

Hatua ya tano: lalamika kwanza, na ulalamike kwa maandishi

Nenda NEMA ya kaunti na malalamiko yaliyoandikwa. Omba mambo matatu: wakaguzi waje, wakupe nakala ya ripoti yao, na watoe amri ya kurejesha mazingira ikiwa kuna uharibifu. Taja siku utakayorudi.

Kuna pia Kamati ya Kitaifa ya Malalamiko ya Mazingira, ambayo huchunguza madai dhidi ya mtu yeyote, NEMA yenyewe ikiwemo. Halipishwi mtu kulalamika huko. Kazi yake kubwa ni kuchunguza na kupendekeza, na sheria inairuhusu pia kufungua kesi za maslahi ya umma kwa niaba ya wananchi. Siitegemei kufunga kiwanda. Naitegemea kwa ripoti, kwa sababu ripoti ya chombo cha serikali inayosema bomba linavuja ina uzito ambao daftari langu halina.

Kwa nini kuhangaika na barua hizi zote, wakati mahakama iko pale pale mjini? Sikiliza yaliyowapata wenzetu wa Kisumu. Wakazi walikishtaki kiwanda cha kutengeneza spiriti cha Kibos na vingine vya kundi hilo, wakipinga leseni na uchafuzi kwa pamoja, na Mahakama ya Mazingira na Ardhi ikawapa ushindi. Mahakama ya Rufaa ikaupindua, ikisema masuala ya leseni yalipaswa kuanzia kwenye jopo na kamati, si mbele ya jaji. Mwaka 2020 Mahakama ya Juu ikakubali kwamba kulikuwa na mlango wa mwanzo uliorukwa, ila ikaongeza kwamba jaji alipaswa kuyahifadhi madai ya kikatiba hadi jopo limalize kazi yake. Wakazi wale hawakushindwa kwa sababu maji yalikuwa safi. Walishindwa kwa kubisha mlango usio wao.

Desemba 2023 Mahakama ya Juu ililegeza kamba katika kesi nyingine: kuwepo kwa njia ya jopo hakumzuii mtu kwenda moja kwa moja kudai haki ya kikatiba ikiwa jopo haliwezi kumpa nafuu inayotosha. Jopo, kwa mfano, limeundwa kusikiliza rufaa dhidi ya maamuzi. Madai ya haki ya uhai na fidia ya kijiji kizima yako nje ya boma lake.

Hatua ya sita: rufaa kwenye jopo

Jopo la Kitaifa la Mazingira liliundwa na Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya 1999. Makao yake ni Nairobi, lakini nyaraka huingizwa kwa mtandao na vikao vingi hufanyika kwa video, kwa hiyo nauli ya reli si kisingizio tena.

Siku ni 60. Sheria inahesabu tangu tukio unalolalamikia. Zimekuwepo hoja kwamba asiyepewa taarifa ya leseni ahesabiwe tangu siku aliyoijua, na mara nyingine zimesikilizwa. Usijenge nyumba juu ya mchanga huo. Hesabu kutoka tarehe ya leseni, na kama imeshapita, andika kwa kiapo siku hasa uliyoijua na ulivyoijua, uambatanishe ile barua yako ya kuomba habari yenye muhuri. Barua ile sasa inakulipa.

Hati ya rufaa haihitaji maneno makubwa. Taja uamuzi unaopinga, nani aliutoa, lini, kwa nini ni batili, na unataka nini: leseni ifutwe, au masharti yaongezwe. Ambatanisha leseni.

Angalia jambo moja linalowakuta wengi. Zamani ukikata tu rufaa, kazi ya kiwanda ilisimama yenyewe hadi uamuzi. Sheria ikabadilishwa. Sasa lazima uombe amri ya kusimamisha, na uombe siku ile ile unayowasilisha rufaa, kwa hoja ya dharura. Ukisahau, utashinda baada ya miezi kumi na minane mbele ya jengo lililokwisha kupakwa rangi.

Asiyeridhika na jopo ana siku 30 kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Hatua ya saba: ombi la kikatiba

Mahakama ya Mazingira na Ardhi iko Mombasa, nayo ina hadhi sawa na Mahakama Kuu. Kanuni za 2013 za kesi za haki za kimsingi zimelegeza masharti kiasi kwamba hata barua inaweza kupokelewa kama ombi. Usijaribu bahati yako, tafuta wakili. Lakini ni vizuri kujua kwamba mlango haukufungwa kwa kufuli ya Kiingereza cha kisheria.

Kesi ya kujifunza tunayo hapa nyumbani. Owino Uhuru, kitongoji cha wakazi wapatao 3,000 upande wa Mikindani, kilipakana na kiwanda cha kuyeyusha betri kilichoanza kazi 2007. Risasi iliingia kwenye damu za watoto. Phyllis Omido, aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda hicho, aliongoza mapambano. Alikamatwa 2012, mahakama ikamwachilia, na 2015 akapewa Tuzo ya Goldman, tuzo ya kimataifa ya watetezi wa mazingira. Kiwanda kilifungwa 2014. Ombi liliingia mahakamani 2016 kwa niaba ya kijiji kizima. Julai 2020 mahakama ya hapa Mombasa ikaamua wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, na udongo usafishwe.

Watu hutaja bilioni. Mimi hutaja waliolipishwa. Kampuni ilikuwemo, lakini zilikuwemo pia ofisi za serikali zilizotoa vibali au zilizokaa kimya, na NEMA ilibebeshwa sehemu kubwa kuliko kiwanda chenyewe. Kwa hiyo unapoandika orodha ya walalamikiwa, usimtaje mwenye tanuri peke yake. Kampuni inaweza kufunga geti na kuondoka. Aliyepiga muhuri haendi popote.

Katika ombi lako tenganisha mambo: haki gani imevunjwa, na nani, kwa tendo gani, tarehe gani. Kisha omba nafuu moja moja: amri ya muda ya kuhifadhi hali wakati kesi inaendelea, amri ya kusafisha, amri kwa NEMA ilete ripoti mahakamani kila baada ya muda fulani, fidia. Omba pia mahakama itembelee eneo. Hakuna hati ya kiapo inayoshinda jaji aliyesimama kwenye uchochoro wenu saa kumi jioni wakati wa kusi.

Usisahau misingi miwili iliyomo ndani ya sheria ya 1999: mchafuzi ndiye anayelipa, na pasipo na uhakika kamili wa kisayansi, tahadhari itangulie. Msingi wa pili ni jibu lako wakili wa kiwanda anaposema utafiti zaidi unahitajika.

Pesa, usalama na majirani

Kituo cha Sheria kina ofisi Mombasa, na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016 imeunda huduma ya taifa kwa wasio na uwezo. Kuhusu gharama ukishindwa: katika kesi za maslahi ya umma majaji mara nyingi huacha kila upande ubebe zake, ila uamuzi ni wao. Mwelekeo huo hautakusaidia kama umeingia na uongo.

Mkiandamana, kituo cha polisi kipate taarifa ya maandishi siku 3 kabla, zisizidi 14. Nakala yenye muhuri abebe mtu aliye mbele.

Linalouma zaidi halimo katika sheria yoyote. Nusu ya mtaa hula kupitia geti lile. Jirani yako anayekuambia "nyinyi mnataka tufe njaa" hajanunuliwa, ana watoto. Mimi humwomba aketi kwenye kikao cha kupanga madai, na mara mbili nimeona madai yakibadilika kwa sababu yake, kutoka "kifungwe" hadi "kichujio kiwekwe na zamu ya usiku isimame". Wafanyakazi ndio wanaojua kilichomo ndani ya mapipa. Msiwataje majina kwenye barua yoyote bila ruhusa yao.

Baada ya hukumu

Bilioni 1.3 za Owino Uhuru hazikufika 2020. Mahakama ya Rufaa iliigusa hukumu 2023 na kurudisha suala la fidia nyuma, na ni Desemba 2024 ndipo Mahakama ya Juu ilipoirejesha fidia ile. Kutoka ombi hadi hapo ni miaka minane. Na deni la serikali halikamatiwi mali: huwezi kupeleka dalali akabebe magari ya wizara. Unachukua cheti cha amri, unakipeleka kwa ofisa mhasibu, na akikaidi unaomba mahakama imlazimishe. Mweleze hivyo mteja wako, au mama yako, mapema.

Ndiyo maana siku hizi nawashauri watu watazame leseni ndogo. Leseni ya tathmini hutolewa mara moja. Ya kumwaga maji taka na ya kutoa moshi huombwa upya kila mwaka, na kila inapotolewa ni uamuzi mpya wenye siku zake 60. Kile kiwanda kilichotushinda kwa siku kumi na moja kilipata leseni mpya ya maji taka mwaka uliofuata. Safari hii barua yetu ya kuomba habari ilikuwa imeshatangulia, tukiwa na sampuli nne za maji ya kupwa. Tuliingiza rufaa siku ya tisa.